Akiuza Korosho Atalipa

Maneno hayo yaliandikwa kwa kalamu ya bluu mwaka 2017, katika ofisi ya kata moja wilayani Ruangwa: "Mume amekubali kuwatunza watoto kwa kadiri Mungu atakavyomjalia, na akiuza korosho atalipa." Chini yake tulisaini mimi na mtalaka wangu, mjomba wangu, kaka yake mkubwa, pamoja na wajumbe wa baraza. Muhuri ukagongwa. Wazee wakapeana mikono wakisema mambo yamekwisha kiungwana, bila watu kwenda kuanikana mahakamani.

Hakuna aliyeuliza akiuza kilo ngapi, akiuzia wapi, alipe shilingi ngapi, na nani wa kuamua kama Mungu amemjalia au hajamjalia. Kwa watu wa kwetu, kuuliza maswali hayo mbele ya wazee ni utovu wa adabu. Unaonekana unamhesabia mtu mfukoni. Siku hizi maswali hayo ndiyo kazi yangu. Nayauliza mbele ya wazee hao hao, kwa sauti, na ushuhuda huu ni wa jinsi nilivyofika hapo.

Nimezaliwa Nachingwea, upande wa Naipanga, nikaolewa Ruangwa. Zamani ilikuwa wilaya moja, Ruangwa ikamegwa mwaka 1995, lakini watu wake hawajawahi kumegana: tunaoana, tunazikana, na korosho yetu inapita chama kikuu kimoja cha ushirika, RUNALI, pamoja na ya wenzetu wa Liwale. Kwa hiyo ndoa ikivunjika huku, mara nyingi mume anabaki Ruangwa na shamba liko Nachingwea, au kinyume chake. Mpaka wa wilaya ambao sisi hatuujali, mahakama inaujali sana. Nitafika huko.

Msimu wa kwanza alilipa, nisimsingizie. Korosho ya mwaka ule ilikuwa na bei. Alileta fedha mkononi, akaleta na viatu vya shule. Watoto walikuwa watatu, mkubwa yuko darasa la tano. Ada ilikwishafutwa, ila daftari, sare na mchango wa uji havikufutwa na mtu.

Ukaja msimu wa 2018, ambao kila mkulima wa Kusini ana habari yake ya kusimulia. Wanunuzi walitaja bei ya chini, wakulima wakakataa kuuza, na mwezi Novemba Rais Magufuli akatangaza kwamba serikali itanunua korosho yote kwa shilingi 3,300 kwa kilo. Wanajeshi wakaja kusomba magunia. Bei ilipendeza, malipo yakaja kwa uhakiki. Wapo waliolipwa mapema na wapo waliosubiri mpaka mwaka mwingine ukaingia. Nilipomwendea mtalaka wangu alinijibu, "Serikali haijanilipa." Ilikuwa kweli. Huwezi kumkaba mtu kwa fedha ambayo haijaingia. Tatizo ni kwamba jibu lile lilimnogea. Fedha iliingia, ukauzwa ufuta, zikauzwa mbaazi, jibu likabaki lile lile. Mtu aliyekosa na mtu aliyekataa wanasema maneno yaleyale, na karatasi yangu ya kata haikuwa na namna yoyote ya kuwatenganisha.

Jibu la pili lilitoka kwa ndugu zake, na hilo ndilo lililoniuma. Sisi Wamwera ukoo tunaufuata kwa mama. Mtoto ni wa upande wa mama yake, na mjomba ana kauli juu yake kwenye jando, kwenye unyago, hata kwenye posa. Basi shemeji yangu akaniambia mbele ya watu, "Shemeji, kwani watoto si wa kwenu? Mjomba wao yupo. Sisi mnatusumbua nini?" Watu wakacheka kidogo, kile kicheko cha kuonyesha kwamba umeshikwa. Nilikaa nalo muda mrefu jibu hilo. Ni kweli mila ilimpa mjomba kauli. Haikumwambia baba asinunue daftari. Wazee waliotunga mila ile hawakuwa na daftari za kununua.

Sheria haikuniachia nafasi ya kubishana na mila. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema ni wajibu wa baba kuwatunza watoto wake, wawe wanakaa naye au wanakaa kwa mtu mwingine, isipokuwa kama makubaliano au amri ya mahakama inasema vinginevyo. Sheria ya Mtoto ya 2009 ikaja kukazia kwamba matunzo ni haki ya mtoto mwenyewe. Haiulizi Mmwera, Mmakonde wala Myao. Lakini haya niliyajua baadaye. Wakati ule nilichokuwa nacho ni karatasi.

Niliirudisha kata. Mwenyekiti wa baraza alikuwa mtu mwema, akaisoma, akakubali saini ni yake, akasema atamwita. Akamwita. Hakuja. Akamwita tena, akaja, akaahidi mbele yetu, akaondoka. Mwisho mwenyekiti akanieleza ukweli ambao ungefaa kuandikwa kwa herufi kubwa juu ya mlango wa kila ofisi ya kata: baraza la usuluhishi wa ndoa limewekwa na sheria ili kupatanisha. Likishindwa, linatoa hati, ile Fomu Namba 3, na kwa hati hiyo mahakama inaweza kupokea shauri la talaka. Basi. Halina uwezo wa kukamata gunia la mtu, wala kufunga akaunti yake, wala kumtuma mgambo akalete mbuzi. Na sisi, kwa vile tulipatana, hata hiyo fomu hatukupewa. Talaka ilitoka kwa ulimi wake kwa njia ya dini. Mahakamani, ndoa ilikuwa bado hai.

Aliyenifungua macho ni msaidizi wa kisheria mmoja, mwalimu mstaafu. Wasaidizi hawa wanatambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Hasimami mahakamani kukutetea kama wakili. Anakuelekeza, anakusomea, anakwambia mlango upi ugonge. Aliigeuza karatasi yangu mbele na nyuma, akavua miwani. "Mwanangu," akasema, "hii ni ahadi. Ahadi haina dalali."

Alimaanisha dalali wa mahakama, yule anayekuja na amri ya kukamata mali. Akanieleza kwamba mapatano hayohayo, yakipelekwa ndani ya shauri na hakimu akayaandika kwenye jalada, yanageuka kuwa hukumu. Na hukumu ya makubaliano ina nguvu kuliko nilivyodhani: haikatiwi rufaa, kwa sababu mtu hawezi kulalamikia alichokubali mwenyewe, labda athibitishe alitishwa au alidanganywa. Unaweza kuomba kuikazia ndani ya miaka 12. Miaka 12! Mtoto wangu wa mwisho alikuwa hajaanza shule.

Aliniambia pia kuhusu Bi Hawa Mohamed. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani iliamua katika kesi yake kwamba kazi za mke nyumbani ni mchango katika mali ya ndoa. Mimi nilikuwa nimefyeka, nimepalilia, nimeokota korosho na kuzianika kwenye shamba ambalo kila mtu alilitaja kwa jina la mume. Nilipenda kusikia hivyo. Baadaye nikaja kujua kwamba Bi Hawa mwenyewe alitoka patupu, kwa sababu mahakama iliona alikwishapewa fedha na mumewe akazitumia ovyo. Wanawake wa nchi nzima wanatembea na jina lake, naye hakupata kitu. Sijui kwa nini jambo hilo halisemwi mara nyingi zaidi.

Kikwazo changu kikubwa hakikuwa mtalaka wangu. Kilikuwa mjomba. Nilimfuata jioni, nikamwamkia, "Shikamoo mjomba," akaitikia marahaba bila kuinua macho, habari ilikwishamfikia. Akaniuliza kama ninataka watoto waje kusikia kwamba mama yao alimshitaki baba yao. Akasema yeye alisaini ile karatasi, na kuipeleka mahakamani ni kusema saini yake haina thamani. Hapo ndipo alipokuwa na hoja, na nilimpa heshima yake. Nikamwambia, "Mjomba, saini yako ina thamani kwangu na kwako. Kwake yeye haina. Nataka ipate thamani kwake pia." Alinyamaza. Hakunikatalia, na hakuja mahakamani.

Shauri lilifunguliwa mwaka 2020 katika Mahakama ya Wilaya ya Ruangwa, safari hii tukiwa na Fomu Namba 3. Mtalaka wangu alipopata wito alikasirika, kisha akatuma mtu kuulizia kama tunaweza kupatana. Nilikubali mara moja. Watu wanashangaa nikiwaambia hivyo, wanadhani mtu akifika mahakamani anataka kushinda. Mimi nilitaka kupatana, ila safari hii kwa maneno yanayoshikika.

Tulikaa, yeye na kaka yake, mimi na yule mwalimu, tukaandika kwa mkono kwanza. Ilichukua muda kuliko kesi yenyewe. Mikorosho iligawanywa kwa kuhesabu, kama ilivyo desturi ya huku: mikorosho 60 ya upande wa mashariki ni yangu, kuanzia kichuguu hadi mpaka wa jirani, na mtu wa tatu akaenda kuipiga alama. Kwenye matunzo ndipo palipokuwa na vuta nikuvute. Yeye alitaka iandikwe "kila mwezi", kwa sababu ndivyo alivyosikia redioni. Mwalimu akamuuliza, "Mwezi wa tatu unapata fedha wapi?" Mkulima wa korosho mwezi wa tatu hana kitu, ana majani ya kufyeka. Tungeandika kila mwezi, angevunja makubaliano kabla ya kuyaanza, na mimi ningekuwa na hukumu nzuri dhidi ya mtu asiye na senti. Mwisho tukaandika: shilingi 900,000 kwa mwaka kwa watoto wote watatu, nusu ilipwe akilipwa ufuta, si baada ya tarehe 31 Agosti, nusu akilipwa korosho, si baada ya tarehe 31 Januari, ziingie kwenye akaunti yangu ya benki yenye namba hii. Asipolipa kwa tarehe hizo, deni la nusu hiyo linadaiwa lote, na fedha yake yoyote iliyo mikononi mwa chama cha msingi anachouzia inaweza kuzuiwa. Sare mwezi Desemba ni zake. Jando la kijana, nusu kwa nusu. Hilo la jando lilimfurahisha kaka yake. Nadhani ndilo lililomfanya asaini, maana liliwapa nafasi yao ya baba mbele ya watu.

Sikusamehe kitu cha watoto kwenye hati ile, na hata kama ningetaka nisingeweza. Mzazi hawezi kusaini kuuza matunzo ya mtoto. Hata mapatano yaliyosainiwa na kila mtu, mahakama inaweza kuyabadilisha kwa maslahi ya mtoto. Na yeye pia hakufungwa milele: shamba likiungua moto, au akiugua, anarudi kuomba kiwango kipunguzwe. Mtu wa aina yake alihitaji kusikia hilo. Alikuwa akiogopa hukumu kwa kudhani haina mlango wa kutokea.

Hakimu alitusomea hati kwa Kiswahili, akatuuliza mmoja mmoja kama tumesaini kwa hiari, akaiingiza kwenye jalada. Nakala niliyopewa ilikuwa ya Kiingereza. Hivyo ndivyo zilivyokuwa hukumu za mahakama ya wilaya kabla sheria haijabadilishwa mwaka 2021 na Kiswahili kuwa lugha ya mahakama. Niliihifadhi kwenye bahasha bila kuweza kuisoma, lakini nilijua kila neno lililomo.

Misimu miwili alilipa. Alichelewa, akalalamika, akalipa. Kisha akaoa Nachingwea, akahamia kwenye shamba la urithi huko, na msimu wa 2022 simu ikawa haipatikani.

Hapa ndipo mpaka wa wilaya unapoingia. Mahakama inayotoa hukumu ndiyo inayoikazia, na kama mdaiwa au mali yake iko kwingine, inaihamishia mahakama ya huko ikiwa na hati ya kuthibitisha kwamba bado haijatekelezwa. Maombi yangu ya kukazia hukumu yaliandikwa Ruangwa, hukumu ikapelekwa Nachingwea, nami nikaifuata kwa pikipiki nikitafuna vumbi. Nachingwea ni mji unaozijua ahadi. Waingereza waliuanzishia mradi wa karanga mwaka 1947, wakaleta na reli, mradi ukafa, na baada ya uhuru kidogo reli nayo ikang'olewa. Kata ya Stesheni ipo mpaka leo. Treni haipo.

Amri ya zuio ilitoka, safari hii kwa Kiswahili safi, ikikielekeza chama cha msingi anachouzia kisimlipe mtalaka wangu mpaka deni litengwe. Niliipeleka mwenyewe pamoja na mtu wa mahakama, nikapokewa vizuri, katibu akasaini kupokea. Nikakaa kwenye kivuli pale mzani ulipo, kwa udadisi tu. Watu walikuwa wakishusha magunia, karani akichota korosho, akizitikisa kiganjani, akipasua moja mbili kuangalia ndani, kisha gunia linapanda mzani na jina linaandikwa. Ikaja bajaji ya mizigo. Magunia yalishonwa mdomo kwa mshono wa kurudia, uzi umepitishwa mara mbili kila tundu. Nimeishi na mshono ule miaka mingi. Nilikuwa nikimcheka mtalaka wangu kwamba anashona gunia utadhani anashona suti. Karani akauliza jina. Kijana aliyeleta akataja jina la shemeji yangu.

Hakukuwa na kosa la karani hapo. Yeye anaandika jina analopewa lenye namba ya mkulima. Afadhali hata hiyo. Wengine wanauza kwa kangomba gizani, kwa nusu ya bei, korosho ikiwa bado mtini, na hapo hakuna stakabadhi wala mzani wa kukusaidia. Nilijifunza pale kwamba amri ya kuzuia fedha ni nzuri tu kama fedha ina jina la mdaiwa.

Msaidizi wetu wa kisheria aliniambia sheria inalijua hilo. Mwenye hukumu anaweza kuomba mdaiwa aitwe na kuhojiwa kwa kiapo kuhusu mali alizo nazo. Mtalaka wangu akaja, akaapa kwa Msahafu. Nayakumbuka mazungumzo yale kwa sababu nusu ya watu waliokaa nyuma walikuwa wakulima.

"Una mikorosho mingapi?"

"Michache, mheshimiwa."

"Michache ni mingapi?"

"Haizidi ishirini."

Mtu mmoja nyuma akakohoa. Msimu ule serikali ilitoa pembejeo za ruzuku, na salfa iligawiwa kwa waliojiandikisha. Kwenye orodha ya kijiji, mtalaka wangu alikuwa amejiandikisha kwa mikorosho 140. Nilikuwa na nakala. Hakimu aliisoma kimya, akamwonyesha, akamuuliza ile salfa nyingine aliipulizia nini. Shemeji yangu naye akaitwa. Alipoona kiapo kinamsubiri, akasema korosho ni za mdogo wake, yeye alimsaidia jina tu.

Nikaulizwa kama naomba afungwe. Hili nalo lazima lisemwe vizuri, kwa sababu vijijini watu wanalitumia kama fimbo bila kulielewa. Kuna kifungo cha madai, kisichozidi miezi 6. Hakitolewi kwa mtu maskini. Mahakama lazima iridhike kwamba anao uwezo na anakwepa. Halafu mwenye kudai ndiye anayelipa posho ya kumlisha akiwa gerezani. Na akitoka, deni liko palepale. Karani aliponieleza kwamba nitamlisha, nilicheka mbele yake, sikuweza kujizuia. Mwanangu mkubwa, wakati huo yuko kidato cha nne, nilipomsimulia alikuwa na swali moja tu: "Sasa mama, mkimfunga, salfa atapuliza nani?" Ilikuwa karibu na mwezi wa tano. Mtoto alikuwa na akili kuliko sisi wote.

Sikuomba afungwe. Nyumba anayolala na mke mpya haikamatwi, sheria inailinda, na jembe lake na mbegu zake vilevile, sikuvitaka. Alilipa sehemu ya deni pale pale kwa fedha ambayo siku zote haikuwepo, kiasi kilichobaki kikapangiwa mnada wa ufuta, hakimu akaandika. Kikalipwa. Tangu hapo anaingiza benki, anapiga picha karatasi ya benki, ananitumia kwa WhatsApp bila salamu. Mimi nami najibu kwa kidole gumba. Watoto wanakwenda kwake likizo, wanarudi na mihogo. Kijana alichezwa jando, na pande zote mbili zilicheza ngoma usiku kucha, shemeji yangu akiwa mbele.

Nisingependa mtu asome hapa akadhani mtalaka wangu ameongoka. Sina ushahidi huo. Naamini angepata njia ya kukwepa, angekwepa. Njia zimekuwa chache, basi. Na kwa upande wangu, jambo lililoniondoka ni ule woga wa kuonekana mtu wa kudai. Niliishi miaka mitatu nikipita kwa ndugu zake na uso wa mkopaji, wakati mdaiwa alikuwa akinywa uraka chini ya mkorosho na wazee wakimsifu kwa upole wake.

Yule mwalimu aliponiambia nijiunge na mafunzo ya wasaidizi wa kisheria nilikubali. Mwaka 2023 ilipozinduliwa Kampeni ya Msaada wa Kisheria ya Mama Samia, watu wa vijijini walianza kuzoea kwamba habari za sheria zinaweza kufuatwa bila fedha ya wakili, na makaratasi yakaanza kutoka masandukuni. Nimesoma mapatano ya kila namna: ya mirathi, ambamo ndugu "watagawana kwa upendo", ya mashamba, ambamo mpaka ni "pale pa siku zote", ya matunzo, ambamo baba "atajitahidi". Yote yana mihuri. Ninayakuta yameandikwa na watu wazuri waliotaka kuondoa ugomvi siku ile, na kweli siku ile uliondoka.

Mimi nasoma nikijifanya mtu wa Liwale asiyemjua yeyote kati yao, ameletewa karatasi hii aitekeleze kesho asubuhi. Atajua aende wapi? Atajua achukue nini, kiasi gani, kwa nani? Kama hajui, tunakaa tena. Kisha nawaambia waipeleke mahakamani wakiwa bado wanaongea vizuri, kwa sababu wakishanuniana hakuna atakayesaini kitu.

Juzi alikuja binti kutoka Mbekenyera na mapatano yake yaliyotoka kata. Aliyemleta ni mjomba wangu. Binti ni wa ukoo wetu. Mjomba alikaa kwenye kiti cha uvivu, fimbo katikati ya magoti, nami nikasoma: "Mume atatoa shilingi 50,000 kila mwezi." Nikamuuliza mume anafanya kazi gani. Ni mchimbaji mdogo wa dhahabu.

"Analipwa kwa mwezi?"

"Hapana mama, mpaka wapate."

"Sasa hii kila mwezi imetoka wapi?"

"Mtendaji ndiye aliyeandika."

Nikamuuliza duara wanalochimba liko kwa jina la nani, mawe yanasagwa karasha ya nani, na wakishauza nani anagawa fedha. Duara alilijua. Karasha alisema ataulizia. Nilikuwa naandika pembeni mjomba akagonga fimbo sakafuni.

"Muulize na namba ya simu anayopokelea fedha," akasema. "Yule ana laini tatu."

Binti akasema yeye anazijua mbili.